Ukishanunua kiwanda, anza na stoo

Danaher ya Marekani ni mfano unaotajwa sana wa kampuni iliyokua kwa kununua viwanda vya wenzake. Kila kinachonunuliwa huingizwa kwenye mfumo mmoja wa uendeshaji, wenye mizizi katika mbinu za Toyota. Kampuni za Dar es Salaam zinazonunua viwanda mikoani au nchi jirani zinaweza kufanya vivyo hivyo, lakini nyingi hukimbilia programu ya kompyuta kabla ya kukubaliana vipimo. Hapo ndipo fedha zinapopotelea.

Kwanza sheria. Ukinunua hisa, madeni ya kodi na michango ya NSSF ya nyuma yanabaki ndani ya kampuni uliyoinunua, kwa hiyo yakaguliwe kabla ya kulipa. Muungano wa kampuni unaofikia kiwango cha thamani kilichowekwa unahitaji kwanza ridhaa ya Tume ya Ushindani. Wekea muda wa kutosha: ununuzi wa Tanga Cement uliotangazwa na kampuni ya Scancem mwaka 2021 uliridhiwa na Tume, ukatenguliwa na Baraza la Ushindani, linalosikiliza rufaa dhidi ya Tume, 2022, na ukakamilika 2023.

Sasa stoo. Tuseme kiwanda mama kinahesabu nailoni ya kufungashia kwa kilo, kile kipya kwa roli la kilo 25. Ukihamisha takwimu bila jedwali la kubadilishia vipimo, roli 40 zitasomeka kilo 40, wakati sakafuni kuna kilo 1,000. Mfumo utadhani mzigo umekwisha na kuagiza mwingine. Gharama ya kila kilo nayo itaonekana imepanda mara 25, na mhasibu atahangaika kutafuta mwizi asiyekuwepo.

Spea ni hivyo hivyo. Beringi 6205 inaweza kuwa na majina matatu katika stoo tatu. Itambueni kwa namba na vipimo vyake: tundu milimita 25, kipenyo cha nje 52, upana 15. Kazi hii apewe mtunza stoo pamoja na fundi, kwa sababu wao ndio wanaoishika. Mtu wa kompyuta aingie baadaye.

Ufanisi wa mashine pia unadanganya. Zamu ya dakika 480 ikiwa na dakika 60 za usafi uliopangwa na 48 za kuharibika, muda wa kazi ni 372. Kiwanda kinachogawanya kwa 480 kitaripoti asilimia 77.5, kinachotoa usafi kwanza kitagawanya kwa 420 na kuripoti 88.6. Mashine ni moja, zamu ni moja. Meneja wa kwanza atagombezwa bure, na wa pili ataacha kutafuta njia ya kupunguza ule usafi. Mimi napendelea 480, kwani haifichi kitu. Umeme ukikatika, andikeni dakika zake kwenye safu yake peke yake.

Orodha ya hesabu, yaani majina na namba za akaunti za kitabu, iwe moja kwa kundi zima, lakini VAT, PAYE (kodi ya mishahara) na SDL (tozo ya kuendeleza ujuzi) zibaki na mistari yake ya Tanzania. Makao makuu yaliyo nje hupenda kuiunganisha, na siku ya kupeleka ritani TRA inabidi ichambuliwe upya kwa mkono.

Mfumo mpya ukiwa tayari, fungeni hesabu za mwezi mzima kwa mifumo yote miwili, wa zamani na mpya, sambamba. Tofauti isiyoelezeka ikibaki, msizime wa zamani.