Modrić naye alitolewa kwa mkopo, tena mara mbili

"Ukitolewa kwa mkopo ujue klabu haikutaki." Kauli hii nimeichoka. Naisikia kwa wazazi, naisikia kwa wachambuzi wa redioni, na majuzi nimeisikia kwa mchezaji mwenyewe, kijana wa miaka 19 ambaye kazi yangu ni kumtafutia mikataba. Klabu ndogo ilitaka kumchukua kwa mkopo, yaani kwa muda tu huku akibaki mali ya klabu yake, na ilikuwa tayari kumpa namba kila wiki. Amekataa, anataka abaki kusugua benchi kwenye klabu ambayo jezi yake inapendeza pichani. Nilipomsihi akanijibu: "Kaka, Modrić hawezi kukubali kitu kama hicho."

Luka Modrić, yule kiungo wa Croatia, alikubali. Mara mbili, kabla hajatimiza miaka 20.

Habari za utotoni mnazijua: vita, babu yake kuuawa mwaka 1991, familia kuishi hotelini mjini Zadar kama wakimbizi, klabu ya Hajduk Split kumkataa kwa sababu ya umbo lake dogo. Huko sipiti, watengeneza video wamepamaliza. Kinachonikera ni jinsi video hizo zinavyoruka kutoka hotelini hadi Tottenham, klabu ya London, 2008, kana kwamba miaka ya katikati alikuwa kalala.

Dinamo Zagreb, klabu ya mji mkuu wa Croatia, ilimchukua 2002 akiwa na miaka 16. Mwaka uliofuata ikampeleka kwa mkopo Zrinjski ya Mostar, nchini Bosnia. Kwa hiyo soka lake la nje ya Croatia halikuanzia London, lilianzia Mostar, kwenye ligi ya ubabe. Kiungo mwembamba wa miaka 18 anapambana na mabeki wenye ndevu ambao hawana habari na kipaji cha mtu. Msimu ulipoisha alichaguliwa mchezaji bora wa ligi nzima. Baadaye yeye mwenyewe amesema kwamba anayeweza kucheza ligi ya Bosnia anaweza kucheza popote.

Hapa ndipo wazazi hawanielewi, acha niseme taratibu. Kijana anayecheza timu ya vijana ya klabu kubwa anapoteza mpira, kocha anapiga kelele, wanaendelea. Hakuna aliyeumia. Akipoteza mpira ule ule kwenye timu ya wakubwa inayopigania nafasi, kuna watu watano kwenye chumba cha kubadilishia nguo ambao posho yao ya ushindi imeondoka, na wana kodi ya nyumba na watoto shuleni. Watamwambia. Hawatamwambia kwa upole. Kijana anaanza kutazama pembeni kabla mpira haujamfikia, si kwa sababu kafundishwa ubaoni bali kwa sababu anajua kitakachofuata akikosea. Huyo Modrić mnayemsifu kwa kugeuza kichwa kila sekunde na kutoa pasi kwa nje ya mguu akiwa kazungukwa na watatu, sehemu ya shule yake ilikuwa hiyo. Mazoezi na mastaa hayawezi kuleta kitu hicho. Staa hakukati mguu siku ya Jumanne.

Baada ya Mostar hakurudishwa kikosi cha kwanza. Akapelekwa mkopo wa pili, Inter Zaprešić, klabu ndogo jirani na Zagreb, akiwa na Vedran Ćorluka, kijana mwingine wa Dinamo. Kwa mantiki ya redioni, hapo ilikuwa ndiyo basi tena. Inter ikamaliza msimu wa 2004–05 ikiwa ya 2. Dinamo yenyewe, iliyowatoa vijana hao, ikamaliza ya 7, hata baada ya kumrudisha Modrić katikati ya msimu. Nani alikuwa hatakiwi hapo?

Yaliyofuata mnayajua: ubingwa mara tatu mfululizo na Dinamo, Tottenham kwa pauni milioni 16.5, Real Madrid 2012, Ballon d'Or, tuzo ya mchezaji bora wa dunia, 2018. Ule mkataba wa miaka kumi aliosaini na Dinamo 2005, na viambatisho vya kugawana fedha za mauzo vilivyoongezwa baadaye, ni somo jingine. Liliishia mahakamani Osijek, na 2018 Zdravko Mamić, aliyekuwa bosi wa Dinamo, akahukumiwa kifungo. Sisi mawakala hatupendi kulifundisha.

Sasa, sisemi kila mkopo ni Mostar. Upo mkopo wa kumnadi mchezaji: Mateo Kovačić, Mcroatia mwingine, alitoka Real Madrid kwenda Chelsea kwa mkopo 2018, akacheza, na mwaka uliofuata Chelsea wakamnunua moja kwa moja ilhali walikuwa wamefungiwa kusajili, kwa kuwa tayari alikuwa kwenye orodha yao ya wachezaji waliosajiliwa. Na upo mkopo wa ghalani, ambapo klabu inarundika vijana na kuwasambaza huku na kule ikingoja bei ipande. Huo ni mbaya kweli, na hasira za wazazi zingeelekezwa huko ningenyamaza. FIFA waliuona. Tangu Julai 2022 mkopo wa kimataifa hauzidi mwaka mmoja, klabu iliyokopeshwa haiwezi kumkopesha tena mchezaji huyo kwa mwingine, na tangu Julai 2024 klabu hairuhusiwi kuwa na zaidi ya wachezaji 6 iliowatoa nje kwa mkopo. Lakini hesabu hiyo haiwagusi vijana hadi miaka 21 waliolelewa na klabu yenyewe. Yaani hata hao waliokuja kubana mikopo waliona kijana aachiwe akacheze.

Niseme pia lisilopendeza. Modrić ni ushahidi dhaifu. Vijana walioenda kwa mkopo miaka ile na hawakusikika tena hawatengenezewi video, na siwezi kukuapia kwamba bila Mostar asingefika. Inawezekana kipaji kile kingepenya popote. Na mimi nina maslahi: mchezaji anayecheza anauzika, anayekaa jukwaani ananitia hasara, kwa hiyo ushauri wangu upokeeni mkilijua hilo. Tena kuna kijana anayevunjika moyo akipelekwa mbali, hali chakula, halali usingizi, na hakuna mtu anayejua mapema ni yupi. Mimi sijui. Nawauliza mama zao, na mama naye mara nyingine anakosea.

Ila kabla ya kukataa, ulizeni maswali ya maana. Kocha wa huko amemwomba, au ni wakurugenzi tu waliomalizana kwa simu? Namba yake huko inachezwa na nani, na huyo ana miaka mingapi? Mshahara analipa nani, na ukichelewa nani anabanwa? Kuna kipengele cha kumrudisha dirisha dogo la usajili, Januari, kama hachezi? Jina la klabu liulizeni mwisho kabisa. Zrinjski ingekuwa na kurasa za mashabiki Dar es Salaam mngeipenda, lakini haina, na haikuhitaji kuwa nazo.

Mkiona klabu inataka kumpeleka bila kipengele cha kumrudisha Januari, hapo kataeni, nipigieni mkiwa mmefura, na mimi nitafura pamoja nanyi. Asubuhi lakini. Si saa sita za usiku, baba Salim.