Tandu wa udongoni si jongoo mchanga

Mtu akipindua udongo kwa jembe na kuona kitu chembamba cha manjano kikijipindapinda, husema upesi, "Jongoo huyo, anakula mizizi," kisha humponda. Nimeisikia kauli hiyo mara nyingi mno, na mnyama anayeuawa ni mwingine kabisa.

Huyo ni tandu wa udongoni, wa kundi la Geophilomorpha. Hana macho na huishi kwenye udongo wenye unyevu, chini ya mawe, magogo na majani yanayooza. Jina la kundi limetokana na jenasi (kundi la spishi zinazokaribiana) ya Geophilus, iliyopewa jina hilo na Leach, mtaalamu wa wanyama wa Uingereza, mwaka 1814 kwa maneno ya Kigiriki yenye maana ya mpenda ardhi. Limemfaa kweli, maana ngozi yake haizuii maji vizuri, na akikaa juani hukauka haraka. Wapo wanaoishi kwenye kokoto za ufukweni. Geophilus hadesi, aliyetangazwa mwaka 2015, amepatikana kwenye mapango ya Kroatia, hadi kina cha mita 1,100.

Jongoo naye ana jozi mbili za miguu kwenye pingili nyingi za mwili wake, na chakula chake hasa ni majani yaliyooza. Tandu ana jozi moja kwa kila pingili, naye ni mwindaji: hukamata minyoo na wadudu wadogo wa udongoni. Silaha yake iko chini ya kichwa, nayo ni miguu ya mbele kabisa iliyogeuka kucha za sumu. Jongoo hana kucha hizo.

Halafu kuna jina la Kiingereza la tandu, "centipede", lenye maana ya "miguu mia". Tandu wa udongoni aliyekomaa ana jozi kuanzia 27 hadi 191, kulingana na spishi, na siku zote jozi hizo ni witiri. Miguu mia ingehitaji jozi 50, na 50 ni shufwa. Kwa hiyo katika kundi hili lote huwezi kumpata mmoja mzima mwenye miguu mia kamili.

Ukitaka kuwatofautisha huna haja ya kuhesabu miguu yote. Tazama pingili moja ya katikati ya mwili: ukiona mguu mmoja tu kila upande, huyo ni tandu, na mizizi yako haikuwa windo lake.