Arcuate na arcuation: neno la upinde na mahali linapotumika

Arcuate si neno la mazungumzo. Mwingereza anaweza kuishi mpaka uzee bila kulitamka, na akilisoma harakaharaka atadhani ni accurate iliyokosewa herufi. Msomaji wa Kiswahili naye hukutana nalo, tena mahali asipolitarajia: kwenye karatasi ya majibu ya ultrasaundi, kwenye somo la jiografia la sekondari, hata kwenye habari za kampuni za jinzi zinazoshitakiana. Hutamkwa takriban "aa-kyu-it", na maana yake ya msingi ni moja: yenye umbo la upinde. Nomino yake ni arcuation, yaani tendo la kupinda kitu, au hali ya kitu kilichopindika.

Asili ni Kilatini, arcus, upinde wa kurushia mishale. Humo ndimo yalimotoka arc, arch na archer, maneno ambayo Kiingereza cha kila siku kimeyazoea. Arcuate lilibaki kwa wasomi. Francis Bacon, mwanafalsafa wa Kiingereza, alilitumia katika karne ya 17 alipokuwa akieleza jinsi sauti inavyosafiri, na tangu hapo limekuwa mali ya madaktari, wajenzi, wataalamu wa mimea na watu wa miamba.

Si kila kilichopinda ni arcuate. Upinde una ncha mbili, na baina ya ncha hizo mstari unajikunja upande mmoja tu, polepole, bila kona. Mto unaokwenda huku na huku una neno lake, sinuous. Kiwiko kilichokunjwa kina kona, kwa hiyo hakimo. Na kuna mambo matatu ambayo neno hili haliyasemi kabisa: halisemi kama tunautazama upinde kwa upande wa mbinuko au wa mbonyeo, halisemi nini kimeupinda, wala halisemi kama kupinda huko ni jambo jema au baya. Hilo la tatu ndilo linalowapa watu homa bure.

Chukua maneno arcuate uterus, ambayo mwanamke anayetafuta mtoto anaweza kuyakuta kwenye majibu yake bila maelezo yoyote. Nafasi ya ndani ya mji wa mimba, ukiitazama kwa mbele, ina sura ya pembetatu iliyogeuzwa: upana uko juu, ncha iko chini kwenye mlango wa kizazi. Ukingo wa juu kwa wengi umenyooka au umebinuka kidogo kwenda juu. Ukishuka kidogo katikati, ukawa upinde unaoingia ndani, mpimaji huandika arcuate. Basi. Kwa nje mji wa mimba ni mzima, haukugawanyika wala hauna pembe mbili. Mshuko huo ni alama ya jinsi kiungo chenyewe kilivyoundwa: mtoto wa kike akiwa bado tumboni mwa mama yake, mirija miwili hukutana na kuungana, kisha ukuta ulio kati yao huyeyuka. Ukibaki mwingi, hapo pana ukuta wa kweli unaogawa nafasi ya ndani. Ukibaki kidogo tu, pana upinde.

Mwaka 1988 chama cha wataalamu wa uzazi cha Marekani kiliuweka upinde huo katika orodha ya maumbile ya kizazi yasiyo ya kawaida, daraja la sita. Mawazo yamebadilika tangu wakati huo. Mwaka 2013 vyama viwili vya Ulaya, ESHRE na ESGE, vilitoa mpangilio mpya na daraja hilo havikulirudisha. Mwaka 2016 Wamarekani nao, chama chao sasa kikiitwa ASRM, waliweka vipimo: mshuko usiozidi kina cha sentimita 1, wenye pembe pana kuliko digrii 90, ni tofauti ya kawaida ya maumbile. Ukuta wa kweli kwao ulianzia kina cha zaidi ya sentimita 1.5, wenye pembe kali chini ya digrii 90.

Kwa hiyo neno lenyewe kwenye karatasi halitoshi. La kumwuliza daktari ni mshuko una kina gani, na picha ilipigwa kwa ultrasaundi ya kawaida au ile ya pande tatu, maana ya kawaida mara nyingi haionyeshi ukingo wa juu sawasawa. Mimi naona mpimaji anayeandika arcuate bila tarakimu hata moja hajamaliza kazi yake.

Mwilini neno hili limejaa kweli. Figo ina ateri za arcuate, zinazopita kwa upinde kwenye mpaka wa tabaka la nje na la ndani. Mfupa wa nyonga una mstari wake. Chini ya kiwambo cha kupumulia pana kano yake, ambayo kwa watu wachache huubana mshipa mkubwa wa damu unaolisha tumbo na kuleta maumivu baada ya kula. Chini kabisa ya ubongo pana kiini cha arcuate, kundi dogo la seli ambalo ndilo moja ya makao makuu ya njaa: baadhi ya seli zake zikiamka mtu hutafuta chakula, jirani zao zikiamka hushiba, na homoni ya leptini inayotoka kwenye mafuta ya mwili huzipelekea habari za akiba iliyopo. Upinde wa kiini hicho hauna uhusiano wowote na njaa. Waliokiita hivyo walikuwa wanaeleza walichokiona kwa macho tu.

Kinachovutia zaidi ni arcuate fasciculus, kifungu cha nyuzi za neva kinachoanzia upande wa sikio, kikapanda, kikapinda na kushukia mbele ya ubongo. Kiko pande zote mbili, ila kwa watu wengi cha kushoto ndicho chenye nguvu zaidi. Kinaunganisha sehemu inayoelewa maneno na sehemu inayoyapanga ili yatamkwe. Carl Wernicke, daktari wa Kijerumani, alieleza mwaka 1874 kwamba njia baina ya sehemu hizo ikikatika patatokea ulemavu wa namna ya pekee. Mgonjwa aliyepatwa na kiharusi hapo anakuelewa. Ukimwambia ainue mkono, anainua. Ukimwuliza jana alikula nini, anakueleza, japo kwa kukwamakwama. Lakini mwambie, "Sema: pilipili kali," naye atahangaika: "pili... pilipa... kalipi..." Anajua amekosea, anajirekebisha, anakosea tena. Watafiti wa leo wanabishana kama kosa ni la kifungu chenyewe au la gamba la ubongo lililo jirani nacho, ila kipimo cha kumwambia mgonjwa arudie maneno bado kinatumika vitandani.

Kwa wajenzi neno hubadilika kidogo, huwa arcuated, na hapa upinde una kazi. Majengo ya mawe hugawanywa makundi mawili kwa jinsi yanavyovuka uwazi wa mlango au dirisha. Kundi la kwanza huweka nguzo mbili na kulaza kitu kirefu juu yake. Ndiyo lenta ya mafundi wetu, na ndivyo Wagiriki walivyojenga hekalu la Parthenon. Kundi la pili, arcuated, hupanga mawe madogo kwa tao. Tofauti iko katika tabia ya jiwe. Jiwe hustahimili sana kukandamizwa lakini halistahimili kuvutwa. Jiwe lililolazwa juu ya nguzo mbili hujikunja kidogo kwa uzito, upande wake wa chini ukavutwa, na likiwa refu mno hupasuka hapohapo katikati. Tao halina upande wa kuvutwa. Kila jiwe linaegemea jirani yake, uzito unateremka kwa kukandamiza tu mpaka kwenye miguu. Ndiyo maana Warumi waliweza kuvusha maji juu ya bonde kwa Pont du Gard, kusini mwa Ufaransa, kimo cha karibu mita 49, kwa mawe ambayo kila moja peke yake ni fupi. Gharama yake ni kwamba tao husukuma miguu yake nje muda wote. Usipoweka ukuta mzito pembeni, linafunguka na kuanguka. Na mpaka jiwe la katikati liingie, kila kitu kimebebwa na mbao.

Pwani yetu ina mifano ya namna zote mbili, tena ndani ya mji mmoja. Nyumba za mawe za Waswahili zilizoezekwa kwa dari bapa zilitegemea boriti za mikoko, na urefu wa boriti ndio uliopanga upana wa chumba: vyumba virefu vyembamba, upana wake hauzidi sana mita 3. Nenda Kilwa Kisiwani, kwenye Msikiti Mkuu, uingie ukumbi mkubwa wa kusini ulioongezwa karne ya 14. Hapo mafundi walitumia matao na kuba za mawe ya matumbawe na chokaa, na paa likatulia juu ya nguzo bila kuhitaji mti wa kulivusha.

Arcuation kama tendo limekuwa na maisha mafupi zaidi. Samuel Johnson, katika kamusi yake ya 1755, aliipa maana tatu: kupinda, hali ya kuwa kombo, na ya tatu ni ya bustani, aliyoichukua kwa Ephraim Chambers, mtunzi wa ensaiklopidia. Ni njia ya kuzalisha miti ambayo haioti vizuri kwa mbegu. Unalipinda tawi bichi kutoka kwa mti mama, unaliinamisha mpaka ardhini, unalifukia sehemu ya katikati na kuiacha ncha nje. Tawi linaendelea kulishwa na mama huku likitoa mizizi pale lilipofukiwa. Likishashika, unalikata na kulihamisha. Johnson anataja miti ya kwao, kama elm na willow. Wakulima wa leo wanaifanya kazi ileile, ila Waingereza wanaiita layering na jina la zamani limebaki kamusini.

Mahali ambapo wengi wameuona upinde huu bila kujua jina lake ni mfuko wa nyuma wa jinzi za Levi's. Ule mshono wa pinde mbili zinazokutana katikati unaitwa Arcuate, kwa herufi kubwa, na ni alama ya biashara iliyosajiliwa Marekani mwaka 1943, ingawa kampuni inasema imeutumia tangu 1873. Kwa nini ulichaguliwa hakuna anayejua. Kumbukumbu za kampuni ziliteketea kwenye tetemeko na moto wa San Francisco mwaka 1906. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia serikali ya Marekani ilipobana matumizi ya uzi usio wa lazima, kampuni haikuuacha upinde wake: iliuchora kwa rangi juu ya mfuko. Rangi ilifutika kwa kufuliwa. Kampuni imewapeleka mahakamani washonaji wengi waliokaribia umbo hilo, na muuzaji wa mitumba anayegeuza suruali kutazama mfuko wa nyuma kabla ya kutaja bei anasoma alama hiyohiyo.

Mwanafunzi wa jiografia atalihitaji neno hili kwa delta. Delta ya arcuate ni ile ambayo ukingo wake wa baharini umebinuka kuelekea majini, na mfano unaoandikwa kila mara ni wa Nile, upana wa kilomita 240 hivi pwani. Mto unaleta udongo, mawimbi yanausambaza kandokando, ukingo unakuwa laini. Pale mto unapoyashinda mawimbi, kama Mississippi, unapata vidole vinavyochomoza baharini. Delta ya Nile yenyewe inaliwa sasa, kwa kuwa Bwawa Kuu la Aswan, lililokamilika 1970, linazuia udongo uliokuwa ukiujaza ukingo huo. Watu wa miamba nao hulitumia kwa misururu ya visiwa vya volkano iliyopinda, kama Aleutian na Japani.

Na wapenda ndege wanalo kwa sura ya Kilatini: Numenius arquata, sululu mkubwa wa Ulaya, ambaye mdomo wake mrefu umepindia chini. Huja pwani ya Afrika Mashariki kunapokuwa baridi kwao, na Mida Creek karibu na Watamu ni mahali pazuri pa kumtafuta maji yakitoka.

Ukilazimika kulitafsiri, "-enye umbo la upinde" linatosha karibu kila mahali, na kwa majengo sema "ya matao". Kwenye majibu ya hospitali ni bora uongeze upinde umeelekea wapi na kwa kina gani, kwa sababu asili haikusema. "Kombo" liepuke: kwa Kiswahili kilichokwenda kombo kimeharibika. Na kama unaandika Kiingereza cha kawaida, curved litakufikisha. Arcuation ya Johnson utaihitaji tu ukiwa unasoma vitabu vya bustani vya karne ya 18.