Japani Haina Lugha Moja

Oktoba 2005, Aso Taro, waziri aliyekuja kuwa waziri mkuu miaka mitatu baadaye, aliielezea Japani kuwa nchi ya lugha moja, utamaduni mmoja na watu wa asili moja. Wengi wanaojifunza Kijapani huamini hivyo hivyo. Ila mwaka 2009 UNESCO ilitaja lugha nane za nchi hiyo zilizo hatarini kutoweka: Kiainu, Kihachijo, Kiamami, Kikunigami, Kiokinawa, Kimiyako, Kiyaeyama na Kiyonaguni.

Dhana: Watu wa Okinawa huzungumza lahaja tu ya Kijapani.

Kati ya dhana zote, hii ndiyo iliyoumiza watu zaidi. Lugha za visiwa vya Ryukyu, yaani Okinawa na visiwa jirani kusini mwa Japani, ni za ukoo mmoja na Kijapani, lakini wataalamu wengi wanaona ziliachana kabla ya karne ya 8. Mtu wa Tokyo akiwasikiliza wazee wa Miyako wakipiga soga, haambulii kitu. Visiwa vyenyewe havielewani. Ukitaka kushukuru, Okinawa utasema *nifee deebiru*, Miyako *tandigaa tandi*, Yonaguni *fugarasa*. *Arigato* ya Tokyo huisikii popote humo. Tena Kimiyako kimetunza sauti ya zamani ambayo Kijapani kimeipoteza: ua, ambalo Tokyo huitwa *hana*, kule ni *pana*.

Kwa nini basi ziliitwa lahaja? Ryukyu ilikuwa dola yenye mfalme wake hadi Japani ilipoifuta mwaka 1879. Serikali ilitaka raia wanaofanana, na lugha ya jirani ukishaiita lahaja, mwenyewe ataonekana ni mtu anayekosea Kijapani, wa kunyooshwa.

Dhana: Lugha hizo zinakufa zenyewe, vijana wamezichoka.

Hapana, zilipigwa vita. Shuleni kulikuwa na *hogen fuda*, kibao alichovishwa shingoni mtoto aliyeponyokwa na neno la nyumbani. Alikaa nacho mpaka amnase mwenzake akifanya kosa hilo hilo, ndipo amkabidhi. Watoto wakawa wapelelezi wa wenzao. Aprili 1945, mapigano yakiendelea Okinawa, jeshi la Japani lilitoa amri kuwa atakayeongea Kiokinawa aadhibiwe kama jasusi. Mzazi aliyepitia hayo akaamua kumlea mwanawe kwa Kijapani pekee. Mimi siwezi kumlaumu.

Dhana: Kiainu ni tawi la Kijapani, na kimeshakufa.

Kiainu hakina undugu uliothibitishwa na lugha yoyote duniani. Majina mengi ya mahali ya Hokkaido, kisiwa kikubwa cha kaskazini, Sapporo likiwemo, yametoka kwa Waainu, wenyeji wa huko. Sheria ya mwaka 1899 iliwalazimisha Waainu kufuata maisha ya Kijapani, na ilifutwa 1997 tu. Kayano Shigeru wa Nibutani, Muainu wa kwanza kuingia bungeni, mwaka 1994, alisimama humo akauliza swali kwa lugha ya mama yake. Ni kweli waliokulia nacho nyumbani wamebaki wazee wachache mno. Lakini vijana wanajifunza, masomo ya redio yapo, na katika jumba la makumbusho la taifa lililofunguliwa Shiraoi mwaka 2020 maandishi ya Kiainu yametangulizwa mbele. Mwaka 2019 sheria iliwatambua Waainu kuwa wenyeji asilia.

Dhana: Kijapani cha Tokyo ndicho halisi, vingine vimeharibika.

Kwa zaidi ya miaka elfu moja Mfalme aliishi Kyoto, na usemi wa huko ndio ulioheshimiwa. Usemi wa wasomi wa Tokyo ulipewa cheo hicho kuanzia mwishoni mwa karne ya 19, baada ya makao ya serikali kuhamia huko. Na anayetafuta ukale wa kweli apande meli hadi kisiwa cha Hachijo, karibu kilomita 290 kusini mwa Tokyo na chini ya utawala wa mji huo huo. Wazee wa pale bado wananyambua vitenzi kwa namna inayokutwa katika mashairi ya mashariki mwa Japani ya karne ya 8.

Dhana: Lugha ya alama ya Japani ni Kijapani kinachosemwa kwa mikono.

Ina sarufi yake kabisa. Tena jamaa zake wako nje ya nchi: Japani ilipozitawala Taiwan na Korea ilifungua huko shule za viziwi, na lugha za alama za nchi hizo ni za familia moja nayo hadi leo.