Riba ya 10% kwenye mkopo wa nyumba siyo 10% ya jumla

Ile meseji inayozunguka kwenye magrupu kwamba ukikopa milioni 10 za nyumba kwa riba ya 10% unarudisha milioni 11 basi, siyo kweli jamani. Hiyo 10% ni ya kila mwaka, inapigwa kwenye deni lililobaki, sasa kwa miaka 20 rejesho linakuwa kama 96,500 kwa mwezi, zidisha mara miezi 240 unapata milioni 23 na kitu, na mwezi wa kwanza tu riba inakula zaidi ya 83,000. Wengi tunachanganyikiwa sababu maneno "kwa mwaka" huandikwa kwa herufi ndogo (hata mimi yalinipita). Ukiipata usiforwadi, omba benki jedwali la marejesho ujumlishe mwenyewe, ada na bima zikiwemo.