Rundale: jinsi wakulima wa magharibi mwa Ireland walivyogawana ardhi

Rundale ni utaratibu wa zamani wa kukodi na kulima ardhi kwa pamoja. Ulitumika sana magharibi mwa Ireland, hasa katika kaunti za Mayo, Donegal na Galway. Kundi la familia, mara nyingi ndugu na wakwe, lilikodi eneo moja kutoka kwa kabaila, likalipa kodi kwa pamoja, kisha likagawana mashamba kwa namna iliyompa kila mmoja udongo mzuri kidogo na udongo mbaya kidogo. Ulishamiri katika karne ya 18 na nusu ya kwanza ya karne ya 19. Wengi wanaoutaja huutaja kama mfano wa kilimo cha ovyo kilichowaponza wakulima wenyewe. Sikubaliani nao, na ukiangalia jinsi ulivyofanya kazi utaona kwa nini.

Kijiji cha rundale kilikuwa nyumba za mawe zilizosongamana, zimeezekwa nyasi, bila mtaa ulionyooka, bila duka wala kanisa. Kando yake lilikuwapo shamba la ndani, ambalo ndilo lililolimwa kila mwaka na kutiwa mbolea: samadi ya ng'ombe, na mwani uliobebwa kutoka ufukweni kwa vikapu mgongoni. Mbele ya hapo ilikuwa ardhi dhaifu iliyolimwa mara moja moja na kupumzishwa. Juu kabisa ulikuwa mlima, malisho ya wote.

Shamba la ndani halikuwa na ua. Liligawanywa kwa vipande vyembamba, na kati ya kipande na kipande kulikuwa na ukanda wa majani tu au mstari wa mawe. Familia moja ingeweza kuwa na vipande vyake sehemu nyingi mbalimbali, hapa penye kichanga, pale penye mawe, kule penye maji. Mgeni aliona fujo, lakini sababu yake ni rahisi. Pwani ya Donegal udongo hubadilika ndani ya hatua chache. Ukimpa mtu mmoja shamba moja lililokamilika, umempa neema au umempa balaa. Ukitawanya vipande, mvua ikizidi, kila nyumba inapoteza kidogo na kila nyumba inabaki na kitu. Katika vijiji vingine vipande viligawanywa upya baada ya muda kwa kura ya bahati nasibu, ili asiwepo wa kukalia penye rutuba maisha yake yote.

Mlima nao ulikuwa na hesabu yake. Haki ya kulisha ilipimwa kwa kipimo kilichoitwa kolopu: ng'ombe mzima alikuwa kipimo cha msingi, farasi alihesabiwa zaidi, na kondoo kadhaa walilingana na ng'ombe mmoja. Idadi ya kolopu za mtu ilifuata sehemu yake ya kodi, hivyo hakuna aliyeweza kujaza mlima mifugo yake akawaacha wenzake na mawe. Majira ya joto vijana, hasa wasichana, walipanda na ng'ombe wakakaa huko kwenye vibanda, wakikamua na kusukasuka maziwa kupata siagi. Siagi hiyo haikuwa kitoweo tu, maana ikiuzwa ilisaidia kulipa kodi. Mazao yakishavunwa, ng'ombe waliachiwa shamba lote la ndani wale majani na kulitia samadi hadi msimu wa kupanda. Mambo kama haya hayaendi bila mtu wa kuyaamua. Baadhi ya vijiji vilikuwa na mzee aliyesimamia ugawaji na kusuluhisha ugomvi, na watu walimwita mfalme. Kisiwani Tory, Donegal, cheo hicho kilidumu, ingawa kwa kazi nyingine, hadi Patsy Dan Rodgers alipofariki mwaka 2018.

Kuhusu asili yake wataalamu wametofautiana. Mwanajiografia E. Estyn Evans wa Belfast, aliyeutafiti kuanzia miaka ya 1930, aliuona kama mabaki ya kale sana. Waliomfuata, Kevin Whelan akiwemo, wanasema sehemu kubwa ya vijiji hivyo vya magharibi ni vya baada ya 1700, watu walipoongezeka na kuingia kwenye ardhi ya milima na vinamasi. Naegemea upande wa Whelan, kwa sababu ya viazi. Bila viazi mviringo, vinavyokubali udongo wenye tindikali ukivipandia matutani na kuvitia mwani, ardhi ile isingelisha watu wengi namna ile.

Hapo ndipo ulipokuwa mtego. Ekari moja ya viazi ingeweza kulisha familia karibu mwaka mzima, kwa hiyo baba aliweza kumkatia kila mwana kipande na bado wakala. Vipande vikakatwa tena na tena. Kabaila Lord George Hill, aliyeanza kununua ardhi Gweedore, Donegal, mwaka 1838, aliandika juu ya shamba la takriban nusu ekari lililokuwa na washika-dau 26, na juu ya mtu aliyekuwa na vipande 32 akaviacha vyote kwa kukata tamaa ya kuvitambua. Siyakatai maelezo hayo. Ila yanaonyesha utaratibu uliokuwa umebanwa na wingi wa watu, na kwa kodi isiyokoma, kupita kiasi ulichoweza kubeba.

Hill aliufuta. Alipima ardhi upya, akampa kila mpangaji ukanda mmoja mrefu, akaamuru kila mtu ahamishie nyumba yake kwenye ukanda wake. Yeye mwenyewe alikiri kwamba kilichowauma watu zaidi ni kutenganishwa, kwani walizoea kukaa pamoja na kuzungumza. Na hata nyumba zilihamishwa kwa desturi ya zamani: mwenye nyumba alimkodi mpiga fidla, majirani wakakusanyika kwa furaha, wakabeba mawe na mbao mgongoni hadi mahali papya. Miaka ya 1850 wapangaji wa Gweedore walinyang'anywa pia malisho ya mlimani, yakakodishwa kwa wafuga kondoo kutoka Scotland, na mgogoro uliozuka ukafika hadi kamati ya Bunge la Uingereza, iliyotawala Ireland wakati huo, mwaka 1858.

Kwingine ulivunjwa na njaa. Ugonjwa wa viazi uliingia mwaka 1845, na mwaka uliofuata mavuno yakaangamia karibu yote. Watu wapatao milioni moja walikufa, na wengine kama hao wakahama nchi. Mwaka 1847 sheria iliwanyima msaada wa njaa walioshika zaidi ya robo ekari mpaka wakubali kuiachia, na makabaila wengi walipata nafasi ya kusafisha vijiji vizima. Mayo, iliyokuwa na watu zaidi ya 388,000 mwaka 1841, ilibaki na 274,000 hivi miaka kumi baadaye. Kusema rundale ndiyo iliyowaua ni kuisamehe sheria hiyo.

Masalia yaliendelea kufutwa kwa utaratibu. Mwaka 1891 serikali ya Uingereza iliunda bodi maalumu ya wilaya maskini za magharibi, ambayo ilinunua ardhi ya makabaila, ikaipanga upya na kuwauzia wapangaji. Mwaka 1895 ilinunua Clare Island, Mayo, ikajenga ukuta wa kutenga mashamba na malisho ya mlima. Safari hii angalau mkulima aliishia kuwa mwenye ardhi.

Matuta ya viazi ya wakati ule bado yanaonekana chini ya majani kule Slievemore, kisiwani Achill, pembeni ya magofu ya nyumba zilizoachwa. Mashamba membamba yaliyonyooka kutoka baharini hadi mlimani ni kazi ya waliofuta rundale. Malisho ya pamoja hayakufa: milima mingi ya Mayo, Galway na Donegal hadi leo ina wenye hisa wengi, na kila mmoja ana haki yake ya kulisha. Miaka ya 1980 ruzuku ya Ulaya ilipoanza kulipwa kwa kichwa cha kondoo, kila mwenye hisa alikuwa na sababu ya kuongeza kundi, na milima mingi ikaliwa hadi mboji ikaanza kumomonyoka. Baadaye serikali ya Ireland ililazimika kupunguza kondoo kwa amri, kwa kuweka ukomo wa idadi kwa kila mwenye hisa.