Duka Usilolijua Kwenye Taarifa ya Benki: Soma Mstari Kabla ya Kuupinga

"Hili duka silijui." Wateja wengi wanaofika kwenye dawati letu la malalamiko ya kadi huanza na maneno hayo. Mkononi wameshika taarifa ya benki, na mstari mmoja umezungushiwa kalamu: herufi kubwa zilizobanana, alama ya nyota katikati, tarakimu tatu nne zisizoeleweka, kisha kiasi kilichokatwa. Tukikaa nao kidogo, mara nyingi mstari huo unatambulika kabla hawajainuka kitini. Wakati mwingine hautambuliki kabisa, na hapo kuchelewa hata kwa siku moja kuna gharama yake. Mambo hayo mawili yana njia mbili tofauti, na mteja akichukua njia isiyo yake, anayeumia ni yeye.

Jina unaloliona kwenye taarifa hatuliandiki sisi benki. Linatoka kwa mwenye duka, linapitia benki yake, linapitia mtandao wa kadi (kama Visa au Mastercard), ndipo linatufikia. Nafasi yake ni finyu: kwa kawaida ni herufi 22 hadi 25 hivi, na kinachozidi hukatwa. Tena, mwenye duka anaweza kuwa amesajili jina la kampuni yake, si lile la kwenye bango. Wewe uliingia dukani ukasoma jina la mlangoni. Taarifa inakuletea jina la kampuni mama ambalo hujawahi kulisikia. Hata mji unaoandikwa pembeni unaweza kuwa ule wa makao makuu, ambako hujawahi kukanyaga.

Ile nyota nayo ina maana yake. Wafanyabiashara wengi wadogo hawapokei malipo ya kadi wenyewe, wanapitia kampuni ya kati. Ndiyo sababu unakuta PAYPAL * au SQ * mwanzoni mwa mstari. Kilicho kushoto kwa nyota ni njia iliyopitishia pesa. Muuzaji mwenyewe yuko kulia. Watu wengi husoma upande wa kushoto, wakaishia hapo, wakakata tamaa.

Nakumbuka mama mmoja aliyekuja na mistari miwili ya jina asilolijua, tarehe zikipishana kwa siku tatu. Alikuwa na hakika ameibiwa, na mikono ilikuwa ikimtetemeka. Nilimwomba ajumlishe viwango vile viwili. Aliposoma jumla kwa sauti, alinyamaza, akafungua barua pepe kwenye simu yake. Ilikuwa oda moja ya viatu na begi aliyoagiza kwenye intaneti. Muuzaji alituma mizigo miwili kwa siku tofauti, na kila mzigo ulipoondoka ghalani akakata sehemu yake. Mama yule hakuwa amekosea kuja. Alichokikosa ni hesabu ya kujumlisha, kwa sababu alikuwa akitafuta kiasi kimoja ambacho hakikuwepo popote kwenye taarifa.

Kwa hiyo, kabla ya kupiga simu, tafuta kiasi chenyewe, pamoja na senti zake, kwenye barua pepe na ujumbe wa simu. Kiasi ni alama nzuri kuliko jina. Tarehe usiitegemee sana: siku uliyolipa na siku muamala ulipoingia kwenye akaunti zinaweza kupishana, hasa mwisho wa juma ukiwa katikati. Malipo ya fedha za kigeni hubadilishwa kwa kiwango cha siku nyingine, hivyo namba haitalingana na risiti. Hoteli, vituo vya mafuta na wakodishaji magari huomba kwanza kiasi cha dhamana kizuiwe kwenye akaunti, kisha hukata kiasi halisi baadaye. Ukiona miamala miwili ya mahali pamoja na mmoja bado umeandikwa "unasubiri", upe siku chache. Mara nyingi ule wa dhamana hutoweka wenyewe.

Angalia pia ni kadi ipi iliyotumika. Tarakimu nne za mwisho zinakuambia kama ni kadi yako au ile ya ziada uliyompa mwenzi wako au mtoto. Ila ukilipa kwa simu, risiti ya dukani inaweza kuonyesha tarakimu nne tofauti na zilizo kwenye kadi, kwa kuwa simu hutumia namba mbadala badala ya namba ya kadi. Hilo limewatisha wengi bila sababu. Programu nyingi za benki huonyesha pia aina ya biashara, inayotokana na namba ya tarakimu nne anayopewa kila mfanyabiashara: 5411 ni maduka ya vyakula, 5812 ni migahawa, 7995 ni michezo ya kubahatisha. Kama jina halikuambii kitu, aina ya biashara inaweza kukukumbusha. Usipoiona, mwulize mhudumu akusomee.

Kisha waulize watu wa nyumbani, na uulize kwa upole. Mtoto aliyenunua kitu ndani ya mchezo wa simu hawezi kusema ukweli akiwa anafokewa.

Yako makato ambayo ni yako kisheria ingawa moyoni huyatambui: huduma uliyojiunga nayo kwa majaribio ya bure, ukaweka kadi, ukasahau. Majaribio yalipokwisha, makato yakaanza. Hayo hayamo kwenye wizi wa kadi, hata kama masharti yalifichwa chini kabisa ya ukurasa. Sitisha huduma kwa maandishi, tunza uthibitisho wa kusitisha, na uombe marejesho kwa mwenye huduma. Akiendelea kukata baada ya hapo, sasa una hoja yenye nguvu ya kutuletea.

Baada ya kukagua hayo yote, mstari ukabaki mgeni, usiupuuze kwa sababu kiasi ni kidogo. Wezi wa kadi huanza hivyo. Wanapopata namba ya kadi hujaribu kiasi kidogo kuona kama kadi iko hai, na ikikubali hurudi kuchota kikubwa. Nimeshuhudia wateja wakiacha mstari wa namna hiyo upite kwa kuona haya kusumbua benki kwa pesa ndogo. Tafadhali tusumbue. Kazi yetu ndiyo hiyo.

Hapo zuia kadi kwanza, maelezo baadaye. Tumia programu ya benki au namba iliyochapishwa nyuma ya kadi. Usichukue namba kwenye ujumbe uliotumiwa, wala usitafute "huduma kwa wateja" ya duka lile mtandaoni na kupiga namba ya kwanza unayoiona; matapeli hupandikiza namba zao huko wakisubiri watu wenye wasiwasi kama wako. Na shika hili: benki haihitaji namba yako ya siri, wala namba ya uthibitisho iliyoingia kwenye simu yako, ili ikurudishie pesa. Anayekuomba hizo anakuibia mara ya pili.

Lakini kama duka unalijua na tatizo ni kwamba mzigo haukufika, umekatwa mara mbili, au kiasi si kile mlichokubaliana, anza na muuzaji. Mwandikie, mpe muda wa kujibu, hifadhi majibu yake. Akikataa au akinyamaza, njoo benki na risiti, namba ya oda, na mawasiliano hayo.

Nasisitiza hili kwa sababu fomu ya pingamizi hukuuliza sababu, na sababu unayochagua ndiyo inayoibeba kesi. Mteja aliyenunua kitu kibovu akaandika "sikufanya muamala huu" amejifunga mwenyewe. Muuzaji ataleta uthibitisho wa oda, anwani ya kupelekea mzigo na saini ya mpokeaji, na pingamizi litaanguka, ingawa malalamiko ya msingi yalikuwa ya haki. Eleza kilichotokea kama kilivyotokea.

Muda nao hausubiri. Kwa aina nyingi za mapingamizi, Visa na Mastercard huweka ukomo wa siku 120, na ndani ya siku hizo benki yako lazima iwe imeshawasilisha shauri, hivyo wewe unapaswa kufika mapema zaidi. Sheria za nchi zina hesabu zake: Marekani, sheria ya mwaka 1974 kuhusu kadi za mkopo inampa mteja siku 60 kulalamika kwa maandishi tangu taarifa ya kwanza yenye kosa ilipotumwa, Umoja wa Ulaya unaruhusu hadi miezi 13 kwa muamala ambao mteja hakuuidhinisha. Kadi ya mkopo na kadi inayokata moja kwa moja kwenye akaunti zinaweza kuwa na kinga tofauti ndani ya nchi moja. Uliza benki yako siku zako ni ngapi, na uombe namba ya kumbukumbu ya malalamiko siku hiyo hiyo unayoyatoa.

Benki nyingine hurudisha pesa kwa muda wakati uchunguzi unaendelea. Usizitumie kana kwamba shauri limekwisha, kwa kuwa muuzaji ana haki ya kujibu, na hoja yake ikishinda pesa hizo zitaondolewa tena. Muuzaji akidai ameshakurudishia na wewe huzioni, mwombe namba ya rejea ya muamala yenye tarakimu 23. Ukitupatia hiyo, tunaweza kufuatilia pesa zilikokwama.

Jambo moja huwashangaza wengi. Ukibadilishiwa kadi, makato ya kila mwezi yanaweza kuendelea kwenye kadi mpya, kwa sababu mitandao ya kadi ina huduma inayowapelekea wafanyabiashara namba mpya ili malipo yasikatike. Kwa hiyo iambie benki waziwazi izuie mfanyabiashara huyo kwa jina, kisha mwezi unaofuata fungua taarifa na utafute jina lile lile, hata kama limeandikwa kwa kukatwakatwa zaidi.